Kabla hujachukua fomu, tafuta wa kushika funguo za duka

Ndugu, umeuliza kama ni busara kuweka hati ya ploti rehani ili ugombee uwakilishi wadi 2027, na umeongeza kwamba hadiwea yako, duka la vifaa vya ujenzi, "itajiendesha" miezi sita ya kampeni. Hilo la hadiwea ndilo limenikalisha chini niandike.

Tarehe 7 Julai 1990, Jumamosi, nilikuwa kijana wa miaka kumi na minane nikimsaidia mjomba kuuza mbao soko la Gikomba, Nairobi. Uwanja wa Kamukunji uko karibu hapo, unaenda kwa miguu. Mjomba alifunga mapema akanipa kufuli. Vitoa machozi vilitufikia hadi katikati ya mbao, tukajifunika nyuso kwa magunia. Wanasiasa Kenneth Matiba na Charles Rubia ndio waliokuwa wameuitisha mkutano ule wa kudai vyama vingi, ila wao hawakuwepo: siku tatu kabla walikuwa wamekamatwa na kuwekwa kizuizini bila kesi.

Mjomba alimpenda Matiba kwa kuwa alimwona ni mwenzake wa biashara. Matiba alikuwa katibu wa wizara akiwa bado kijana, akaenda kampuni ya bia ya Kenya Breweries akapanda hadi uenyekiti, kisha akajenga mali yake: hoteli za Alliance, shule za Hillcrest, mashamba. Mwaka 1979 alimwangusha Dkt. Julius Kiano kule Mbiri, jimbo la ubunge la Murang'a, akaingia bungeni, baadaye akawa waziri. Desemba 1988, baada ya uchaguzi wa chama tawala, KANU, kuvurugwa kwao, alijiuzulu. Angenyamaza, hoteli zingeendelea kuingiza pesa. Hakunyamaza, na mimi namheshimu kwa hilo mpaka leo.

Kizuizini alipatwa na kiharusi, matibabu yakacheleweshwa. Aliachiliwa 1991 akaenda kutibiwa London. Uchaguzi wa urais wa Desemba 1992 alikuwa wa pili nyuma ya Rais Moi, kwa tiketi ya chama cha FORD-Asili, na kura zaidi ya milioni 1.4. Watu hukumbuka hizo kura. Mjomba alikuwa akizungumzia kampuni: zilizoea kichwa chake na saini yake, na mwenyewe alipofungiwa kisha akaugua, zilielemewa na madeni. Mwaka 2017 Mahakama Kuu iliamuru alipwe fidia ya zaidi ya shilingi milioni 500. Alifariki Aprili 2018 kabla ya kuipokea.

Sasa yangu, ambayo ni ndogo sana mbele ya hiyo. Mwaka 2013, kaunti zilipoanza, niligombea wadi mtaani kwetu, Eastlands. Nilikuwa na hadiwea ya miaka kumi na moja: saruji, nondo, mabati, rangi. Nilidhani pesa zitaishia kwenye mabango na fulana. Kumbe zilitokea kaunta. Fundi aliyechukua mifuko ishirini ya saruji kwa deni alikuwa mteja mwaka jana. Siku nilipotangaza nia akawa mpiga kura, na mpiga kura hadaiwi. Ukimpigia simu kuhusu deni, jioni kijiwe kizima kinasema mheshimiwa ameanza kiburi hata kabla ya kuchaguliwa. Kitabu changu cha madeni kilikuwa na jalada la kijani. Kufikia Januari kurasa zilikuwa zimejaa hadi ndani ya jalada la nyuma, na hakuna jina hata moja lililokatwa kwa mstari.

Halafu kuna michango. Kanisa linaezeka, linakuja kwako si kwa pesa bali kwa mabati, kwa sababu wanayaona yamepangwa pale nje. Utawaambia nini? Kila msiba, kila karo, kila kikundi cha vijana kinachotaka toroli.

Msambazaji wa jumla aliyekuwa akinipa mzigo kwa deni la siku thelathini alisoma mambo haraka kuliko mimi, akaanza kutaka pesa taslimu. Mchujo wa chama ulipofika, niliambiwa nimeshinda saa tatu usiku. Asubuhi cheti kilikuwa na mwenzangu. Sikukata rufaa. Sikuwa na nauli ya wakili.

Kilichoniokoa ni mke wangu. Alikataa kata kata hati ya nyumba kuguswa, na kuanzia Februari alichukua funguo akakataa kumpa mtu yeyote bidhaa bila pesa, hata wapambe wangu. Walimsema vibaya sana. Rafu mbili za rangi na misumari zilizobaki ndizo tulizoanzia upya, na ilituchukua miaka minne kurudi kwenye nondo.

Sikuambii usigombee. Wadi zinahitaji watu wanaojua bei ya lori la mchanga, maana ndio watakaogundua barabara ikijengwa kwa bei ya uongo. Lakini hati ya ploti iache kwenye sanduku. Madeni yote yakusanye mwaka mzima kabla hujatamka neno "kugombea". Na umpe mtu mmoja funguo, mtu anayeweza kukwambia hapana wewe mwenyewe ukija na wapambe kuchukua mabati. Kama ni mkeo, kaa naye wiki hii mfungue kitabu cha madeni pamoja, jina kwa jina, kisha urudi hapa utuambie yeye amesemaje.