Sodiamu imeshuka kwa dawa ya sonona: msimbo upi uanze?

SWALI: Habari za kazi, mtaalamu. Nina miezi minane nikiweka misimbo ya ICD-10-CM (orodha ya Marekani ya misimbo ya magonjwa) kwenye mafaili ya wagonjwa wa Marekani. Nimepata faili la mama wa miaka 71 anayetumia sertralini, dawa ya sonona, miligramu 50 kila siku, kama alivyoandikiwa. Aliletwa hospitali amechanganyikiwa, sodiamu ikiwa 121. Daktari ameandika wazi kwamba haiponatremia hiyo (sodiamu kushuka kwenye damu) imetokana na sertralini. Nikaanza na T43.225A, msimbo wa madhara ya dawa, nikafuatisha E87.1, msimbo wa sodiamu kushuka. Mkaguzi amelirudisha faili na neno moja tu: "mpangilio". Sasa dawa si ndiyo chanzo? Kwa nini isikae mbele?

JIBU: Nzuri, ndugu yangu. Misimbo yote miwili uliyochagua ni sahihi. Ulichokosea ni foleni. Uliwaza kama mpelelezi, ukamtanguliza mkosaji. Kwenye madhara ya dawa iliyotumiwa ipasavyo, kinachotangulia ni kile ambacho dawa imemfanyia mgonjwa, halafu dawa yenyewe inafuata nyuma. Kwa hiyo: E87.1, kisha T43.225A, kisha sonona. Kama daktari ameandika "sonona" bila kufafanua zaidi, hiyo ni F32.A.

Nadhani najua ulikochanganyikiwa, maana hata mimi nilipita hapo. Kwenye sumu ya dawa, yaani dawa iliyotumiwa visivyo, mambo hugeuka: msimbo wa T ndio unaanza, kile ilichomfanyia mgonjwa kinafuata. Chukua mama huyohuyo na sodiamu ileile ya 121, lakini safari hii alisahau kwamba ameshakunywa dozi, akarudia mara mbili au tatu kwa siku. Hapo si madhara tena, ni sumu kwa bahati mbaya: T43.221A mbele, E87.1 nyuma. Dawa ni ileile, maabara imetoa jibu lilelile, ila tarakimu moja imebadilika na foleni nzima imepinduka. Tarakimu hiyo ni ya sita ukihesabu na herufi T: 1 ni bahati mbaya, 2 ni kujidhuru kwa makusudi, 3 ni kudhuriwa na mtu mwingine, 4 ni pale daktari anapoandika kwamba nia haikuweza kujulikana, 5 ni madhara ya dawa iliyotumiwa ipasavyo, na 6 ni kutumia dawa pungufu ya ilivyoandikwa. Kama faili liko kimya kabisa kuhusu nia, usikimbilie 4. Ukimya huhesabiwa kuwa bahati mbaya. Na hiyo 6 haikai mbele hata siku moja.

Kwa hiyo, kabla hujafungua jedwali la dawa, soma ile sentensi inayoeleza dawa ilitumiwaje. Mimi huitafuta hiyo kwanza, mara nyingi imejificha kwenye maelezo ya muuguzi wa mapokezi. Ukiona "alichukua vidonge vya dada yake" au "alichanganya na dawa aliyojinunulia bila kuandikiwa" na daktari akasema mchanganyiko huo ndio uliomdhuru, umeshahama kutoka 5, umeingia kwenye sumu. Hata kama sertralini yenyewe aliinywa sawasawa.

Kundi la dawa nalo lisikupite. Sertralini, fluoksetini na sitalopramu ziko T43.22, venlafaksini na duloksetini ziko T43.21, amitriptilini iko T43.01. Jedwali litakufikisha, lakini thibitisha kwenye orodha kuu.

Kuna mtego mwingine kwenye kesi yako. Dawa za SSRI, yaani kundi la sertralini, mara nyingi hushusha sodiamu kwa kuufanya mwili utoe homoni ya kuzuia mkojo kupita kiasi, na maji yakabaki mwilini. Daktari akiutaja ugonjwa huo kwa jina, SIADH, msimbo ni E22.2 na E87.1 inaondoka, haviandikwi pamoja. Asipoutaja, usimsaidie kuuandika, hata kama vipimo vinapiga kelele. Mwandikie kumuuliza, bila kumpa jibu mdomoni. Na huo mkanganyiko wa mama usiugeuze kuwa ugonjwa wa ubongo kwa sababu tu unalipa zaidi. Nimeona watu wakifanya hivyo, na nimeona ukaguzi ulivyowarudia.

Herufi ya mwisho ya T43.225A: A haimaanishi "mara ya kwanza kuonwa". Inamaanisha tatizo bado linatibiwa, hata akibadilisha daktari. Akirudi baada ya kupona ili apimwe tu kama sodiamu imetulia, hapo ndipo D.

Nina ombi moja kabla hujalirudisha faili. Fungua orodha ya dawa zake zote. Wazee wengi wenye presha hutumia dawa za kuongeza mkojo kama haidroklorothiazaidi, na hizo nazo hushusha sodiamu. Kama daktari amezilaumu zote mbili, ongeza T50.2X5A baada ya T43.225A. Kama ameilaumu sertralini peke yake, iache hiyo nyingine ilipo; kuwepo kwake kwenye orodha hakutoshi.