Maswali yenu kuhusu Latrigg

Tangu niseme kwamba kilima ninachokipenda kuliko vyote katika Wilaya ya Maziwa, kaskazini-magharibi mwa Uingereza, ni Latrigg, maswali hayajakatika. Leo najibu matano.

*Mimi nimezaliwa Moshi. Kilima cha mita 368 kitanionyesha nini?*

Ni kweli, Moshi mjini penyewe pako juu zaidi ya mara mbili ya hapo. Lakini Latrigg hakipimwi kwa urefu. Kimesimama mbele ya Skiddaw, mlima wa mita 931, kama mtoto aliyewekwa mbele ya mama yake kwenye picha, kwa hiyo upande wa kusini hakuna kinachokuziba macho. Mji wa Keswick uko chini ya miguu yako, ziwa Derwentwater na visiwa vyake linafuata, kisha bonde la Borrowdale linapotelea milimani. Nimepanda milima mirefu ya huko mara nyingi nikaambulia ukungu. Hapa chini ya mawingu, nimeona.

*Shikamoo. Mama anakuja kututembelea Julai na magoti yanamsumbua. Ataweza?*

Marahaba. Ataweza, ila msianzie mjini. Njia ya kutoka Keswick, kupitia Spooney Green Lane, inapanda karibu mita 290 na kuna mahali inakata pumzi hasa. Nendeni kwa gari mpaka mwisho wa Gale Road, nyuma ya kilima. Kuanzia hapo kuna njia iliyoshindiliwa vizuri, isiyo na ngazi za kuvukia uzio, inayofika mahali pa kutazamia karibu na kilele. Hata viti vya magurudumu na vigari vya watoto hupita. Maegesho ni madogo, basi wahini asubuhi.

*Naona mageti na kondoo. Si shamba la mtu hilo? Naogopa kufukuzwa.*

Swali hili limenigusa, maana watu walilijibu kwa miguu yao. Katika miaka ya 1880 wenye ardhi walifunga njia za Latrigg ambazo wenyeji walikuwa wakizipita. Tarehe 1 Oktoba 1887, watu wapatao 2,000 walipanda hadi kileleni, vizuizi vikiondolewa njiani. Miongoni mwa viongozi wa madai yale alikuwa Henry Irwin Jenkinson. Shauri likafika mahakamani Carlisle mwaka 1888, likaisha kwa maelewano: umma ukapata njia yake ya kwenda juu. Kasisi Hardwicke Rawnsley, aliyekuwa upande wa wapandaji, mwaka 1895 akawa mmoja wa waanzilishi watatu wa National Trust, chama kinachotunza sehemu kubwa ya Wilaya ya Maziwa mpaka leo. Kwa hiyo usipite kwa kunyemelea. Fuata njia, geti uliloliona limefungwa lifunge nyuma yako, na ukikutana na mkulima msalimie.

*Naweza kwenda na mbwa wangu?*

Naam, kwa kamba. Kwenye ardhi iliyofunguliwa kwa wapita miguu, sheria inadai kamba isiyozidi mita 2 kuanzia Machi 1 hadi Julai 31, na popote penye mifugo wakati wowote. Kondoo jike mwenye mimba akikimbizwa anaweza kuharibu mimba. Ukiona wadogo weusi na wakubwa wa kijivu, ni Herdwick, kondoo wa milima hiyo: huzaliwa weusi, rangi ikapauka kadiri wanavyokua. Meno ya kondoo ndiyo yanayozifanya nyasi za pale ziwe fupi.

*Tuna likizo Desemba tu. Inafaa?*

Inafaa, lakini jua huzama kabla ya saa kumi alasiri. Anzeni asubuhi, vaeni buti zenye meno, kwa sababu nyasi zilizolowa huteleza kuliko mawe, hasa wakati wa kushuka. Chukueni tochi na koti la mvua hata kama mbingu ni safi. Mtu akiumia, pigeni 999, ombeni polisi, kisha waambieni mnahitaji waokoaji wa milimani. Hao ni watu wa kujitolea, na hawatozi hata senti.