Bata wa darajani na baba yangu

Mmeuliza igizo la jukwaani likigeuzwa filamu linapata au linapoteza. Mi nasema linapoteza, na mfano wangu ni The Cocoanuts ya 1929, ya wale ndugu wanne wa Marx, wachekeshaji wa Marekani, akina Groucho, Chico na Harpo. Igizo lenyewe lilianza Broadway, kwenye majumba ya maigizo ya New York, 1925, kaandika George S. Kaufman, nyimbo za Irving Berlin. Kampuni ya filamu ya Paramount wakaja kuipiga filamu kwenye studio za Astoria kule New York, mchana ndugu wako studio, usiku wanakimbilia jukwaani kwenye igizo lao jingine. Ukiiangalia utaona kamera imeganda tu, maana enzi hizo ilikuwa na kelele ikabidi ifungiwe kwenye kibanda ili maiki zisiidake. Hata karatasi walizilowesha maji, kwa sababu karatasi kavu ikikunjuliwa karibu na maiki inafunika maneno yote. Jukwaani nani analowesha karatasi?

Lakini kilichonigusa ni kingine. Baba yangu alikuwa Tanga nyumbani kavunjika mguu, kutwa kitandani, mpenzi mkubwa wa King Majuto, Kiingereza hajui. Nikamwekea hiyo filamu kwenye laptop. Tukafika pale Groucho, mwenye hoteli Florida, anamwonyesha Chico ramani ya viwanja anavyotaka kunadi, ramani yenyewe imelegea mkononi kwa yale maji. Anamwambia hapa kuna daraja, na daraja la namna hiyo Kiingereza chao linatamkwa kama "vayadakti", Chico anasikia "wai a daki", yaani kwa nini bata. Nikasimamisha filamu nikaeleza. Baba akauliza, "Sasa mwanangu, bata kaingiaje?" Nikaeleza tena. Nikachukua bahasha ya dawa nikachora daraja, nikachora bata, nikatamka polepole mara tatu, na yeye ananisikiliza kwa heshima kabisa huku kakunja uso, akasema, "Daraja nimelielewa. Bata ndo bado." Nikaumia kweli, maana nilitaka acheke, alikuwa hajacheka wiki nzima, na hapo ndo nilipoona kwamba swali lake ni lile lile la Chico, Chico naye hajui bata kaingiaje!

Nikarudisha nyuma mpaka Harpo yuko mapokezi ya hoteli, anatafuna simu, anashushia na wino. Baba akacheka mpaka akashika mguu. "Rudisha," akasema, nikarudisha, tena na tena. Harpo hatamki neno filamu nzima, na hizo ndo filamu za mwanzo kabisa zenye sauti, watu walikuwa wanalipia kusikia wenzao wakiongea.

Sasa nilivyoandika mpaka hapa naona siwezi tena kusema linapoteza. Baba yangu angeifikia lini Broadway? Wale waliomwona Harpo pale jukwaani walibaki na kumbukumbu tu, hakuna wa kuwarudishia. Kwa hiyo linapata, ila mzaha wa maneno bado naamini kwao ni jukwaani, na zile nyimbo za mapenzi za katikati naziruka kila nikiiangalia. Bahasha ninayo mpaka leo, bata nimemchora mkubwa kuliko daraja.