Usisubiri karatasi: jina, anwani, sahihi, peleka fomu leo

Dada, achana na hiyo barua ya mwenye nyumba. Achana nayo leo hii.

Kwa wanaoingia sasa: dada yetu yuko Marekani, ana grinkadi (kibali cha kuishi huko kwa kudumu) miaka 7, saa zake za kazi zimekatwa, anapata kama dola 820 kwa mwezi kabla ya makato. Mume hajapata kazi, watoto wawili, kodi ya nyumba dola 1,100, benki zimebaki dola 160. Anataka kuomba SNAP, yaani zile zile fudi stampu, msaada wa serikali wa chakula unaowekwa kwenye kadi ya kununulia. Ameuliza kama shemeji yake anayelala sebuleni aandikwe kwenye fomu, kadi inanunua nini na nini hainunui, na kama itamharibia maombi ya uraia. Halafu mwishoni kabisa, kama jambo la kupita tu, anasema kuna kaka "anayejua haya mambo" amemwambia asipeleke fomu mpaka apate barua ya mwenye nyumba yenye muhuri wa wakili na vyeti vya kuzaliwa vya watoto vinavyotoka Kigoma, kwa sababu fomu pungufu ikikataliwa jina linachafuka.

Hapo ndipo presha ilinipanda. Nami niliambiwa hivyo hivyo, karibu neno kwa neno, na nikakubali.

Ilikuwa Januari 2024. Nilikuwa kwenye ghala moja huku Ohio, nje kidogo ya Columbus. Desemba tulipiga saa 50 mpaka 60 kwa wiki kwa ajili ya mizigo ya Krismasi. Mwaka mpya ulipoingia wakatubakishia saa 14. Nilikuwa nalipwa dola 17 kwa saa, kwa hiyo ni kama dola 1,020 kwa mwezi kabla ya makato, na kodi peke yake dola 1,200. Benki nilikuwa na dola 90. Tuko wanne: mimi, mke wangu, mmoja wa miaka 6 na mmoja wa miaka 2.

Tarehe 30 Januari nikaenda kwa mtu anayejazia watu fomu mezani kwake, dola 50 kila fomu. Akazipokea kwanza hizo 50. Akapekua karatasi zangu kama daktari anayesoma picha ya kifua, akanirudishia. Akasema hazitoshi. Nilete barua ya mwenye nyumba yenye muhuri, karatasi za mshahara za miezi mitatu, vyeti vya kuzaliwa vilivyotafsiriwa. "Ukipeleka pungufu wanaitupa, na jina lako linaingia kwenye kompyuta, huombi tena mpaka mwaka uishe." Hayo ndiyo maneno yake. Alikuwa na miaka mingi nchini, anaongea kwa uhakika, na ukutani kwake pametundikwa vyeti vyenye fremu. Nikamwamini.

Basi nikaanza kukimbiza karatasi. Mwenye nyumba anaishi jimbo jingine, barua ikachukua wiki tano. Tafsiri ya vyeti, dola 80 ambazo hazikuwepo, nikakopa. Kila Alhamisi nilipanga foleni kanisani kwa boksi la msaada, maharage ya kopo na makaroni. Mke wangu alikuwa anaongeza maji kwenye maziwa ya mdogo, kila wiki kidogo zaidi, mpaka yakawa na rangi ya maji ya kuoshea mchele. Hakuniambia. Niliona mwenyewe siku moja kikombe kikiwa dirishani na mwanga unapita.

Tarehe 28 Machi faili langu la bluu likawa limekamilika. Nikaenda nalo kwapani ofisi ya kaunti, wanakopokea fomu za SNAP. Mama wa dirishani akachukua fomu, akaigonga muhuri wa tarehe, akapekua faili. Akatoa kitambulisho changu. Akatoa mkataba wa pango, ambao nilikuwa nao tangu siku ya kwanza kwenye droo jikoni. Ile barua ya wiki tano hata hakuikunjua. Kisha akaniuliza saa za kazi zilikatwa lini. Nikasema Januari. Akaniuliza, na huyo mama hakuwa anagomba, aliuliza kama mtu anayesikitika: kwa nini hukuja Januari? Nikamweleza. Akanyamaza kidogo, akarudi ukurasa wa kwanza wa fomu, akaweka kidole mahali pa jina, kisha anwani, kisha sahihi. Akasema hivi vitatu vinatosha ofisi kupokea maombi. Vingine vyote vinafuata.

Tarehe 2 Aprili kadi ilikuwa na pesa. Siku tano!

Sasa fuata hesabu hii taratibu, maana ndiyo sababu naandika usiku huu. Msaada unahesabiwa kuanzia siku ofisi inapopokea fomu yako. Hawaangalii siku uliyopunguziwa kazi wala siku ulipoanza kukosa chakula. Mwezi wa kwanza unapewa sehemu tu, kulingana na siku zilizobaki. Mwaka ule kiwango cha juu kwa familia ya watu 4 kilikuwa dola 973 kwa mwezi, nasi tulipata chote, kwa sababu wanapohesabu mapato yako wanapunguza asilimia 20 ya mshahara, wanapunguza kiasi maalumu cha kila kaya, wanapunguza na sehemu kubwa ya kodi ya nyumba, na kwetu kilichobaki kilikuwa sifuri. Kwa Machi nilipewa dola 97, za siku chache za mwisho wa mwezi. Kama ningepeleka fomu ile ile, pungufu vile vile, tarehe 1 Februari, ningepata 973 za Februari na 973 za Machi. Toa 97. Nilipoteza dola 1,849. Niliomba wanilipe za nyuma, jibu likawa hapana, maana hakuna sahihi yangu kabla ya tarehe 28 Machi. Ofisi haikufanya kosa lolote. Hawawezi kufungua faili ambalo hawajaletewa.

Dola 1,849. Nimepanga foleni za kanisa wiki nane kwa sababu ya sentensi moja ya mtu ambaye hajawahi kufanya kazi hata siku moja kwenye hiyo ofisi.

Na huyu mtu sijamsamehe, nasema wazi. Fomu ni ya bure. Ipo kwenye mtandao wa kila jimbo, ipo dirishani ofisini, unaweza kuomba watumie kwa posta. Unamchukulia dola 50 mtu mwenye dola 90 benki, halafu unamtisha asiende mahali ambapo wangemsaidia. Nilipomrudia baadaye akasema alikuwa ananilinda. Ananilinda na nini? Kukataliwa hakukuzuii kuomba tena, unaweza kuleta fomu nyingine hata kesho yake. Na ukikataliwa kimakosa una siku 90 za kudai usikilizwe na afisa ambaye hakuhusika na uamuzi ule. Hakuna kompyuta inayochafua jina la mtu kwa sababu karatasi zake hazikutimia. Kinachochafua jina ni kudanganya kwa makusudi, na hapo unafungiwa miezi 12 kwa mara ya kwanza. Kukosa barua na kusema uongo ni vitu viwili tofauti, na watu kama huyu wanavichanganya ili uendelee kuwahitaji.

Sasa rudi kwenye namba zako, dada. Mshahara 820, jumlisha 160 za benki, unapata 980. Kodi yako ni 1,100 kabla hata ya umeme. Mapato ya mwezi pamoja na akiba yakiwa chini ya kodi na bili za nyumba, wewe ni wa njia ya haraka: kadi iwe na pesa ndani ya siku 7 tangu upeleke fomu. Wengine wote wanasubiri mpaka siku 30. Kwenye njia ya haraka kitu wanacholazimika kuthibitisha kwanza ni kitambulisho chako, uthibitisho mwingine unaweza kuja baada ya pesa kuingia. Mimi nilikuwa wa njia hiyo tangu Januari. 1,020 na 90 ni 1,110, kodi 1,200. Nilikuwa na haki ya kula ndani ya wiki moja na sikujua, nikawa nakimbizana na muhuri.

Hizi siku 7 na siku 30 ni sheria ya serikali kuu, hakuna jimbo linaloruhusiwa kuzirefusha. Kwa hiyo usije ukaambiwa "huku kwetu ni tofauti".

Mwanzoni mwa fomu utaulizwa mapato ya mwezi huu, pesa ulizonazo, kodi na bili. Usiache wazi hata moja. Hayo ndiyo yanayowaonyesha kuwa wewe ni wa siku 7. Hata hivyo mwambie aliyeko dirishani kwa mdomo wako kwamba unaomba ya haraka. Ukipeleka kwa mkono, omba nakala yenye muhuri wa tarehe. Ukituma kwa mtandao, piga picha ule ukurasa wa kuthibitisha kwamba imefika. Yangu bado ninayo kwenye droo ile ile ya jikoni.

Karatasi zinazokosekana watakuandikia barua wakikutajia moja moja, na lazima wakupe angalau siku 10 kuzileta. Ikiwa kuna kitu huwezi kukipata, waambie na uwaombe msaada, maana ni wajibu wao kukusaidia kukitafuta mradi unashirikiana nao. Kodi unaweza kuithibitisha kwa mkataba au risiti. Watoto wako wana grinkadi na namba za Social Security (hifadhi ya jamii), sasa vyeti vya Kigoma ni vya nini? Kuna mabadiliko ya sheria ya Julai 2025 yaliyowagusa vibaya wakimbizi ambao hawajapata grinkadi, na huenda ndiyo yanayowatia watu hofu, lakini wewe una grinkadi miaka 7.

Baada ya fomu kuna mahojiano, mara nyingi ya simu. Pokea simu! Inakuja kwa namba usiyoijua, au namba iliyofichwa, na sisi tumezoea kuzikimbia kwa sababu ya matapeli. Jirani yangu aliikosa, akadhani watapiga tena. Wanakutumia barua kwamba umekosa mahojiano, na baada ya hapo ni juu yako kupiga na kupanga tena kabla siku 30 hazijaisha, la sivyo faili linafungwa na ile tarehe yako ya kwanza unaipoteza. Ukipiga wewe, kaa tayari kwa muziki wao wa kusubiria. Mwanangu mkubwa alikuwa ameshaukariri, anauimba akioga. Sema unataka mkalimani wa Kiswahili, ni bure, na usimweke mtoto kutafsiri habari za madeni ya wazazi wake.

Shemeji: kama ananunua na kupika chakula chake mwenyewe, ni kaya nyingine, hata kama mnalala chini ya paa moja. Kama mnakula chungu kimoja, anaandikwa na mapato yake yanaandikwa. Andika ilivyo. Lakini usikae wiki nzima mkilijadili hilo kabla ya kupeleka fomu, maana naijua hiyo mijadala, inaanza na shemeji inaishia kwenye nani alinunua mchele mwezi uliopita. Utalieleza kwenye mahojiano.

Peleka kwanza. Jina, anwani, sahihi. Niliwahi kumwandikia binamu yangu maneno haya matatu kiganjani kwa kalamu, alipokuwa anasita kwenye maegesho ya ofisi na kusema arudi Jumatatu akiwa amejiandaa. Aliingia. Ilikuwa Ijumaa tarehe 1, mwezi mzima ukahesabiwa. Angerudi Jumatatu, siku tatu za chakula cha watu watano zingebaki pale kwenye maegesho.

Umeandika uzi wako leo saa tatu usiku. Ofisi zinafunguliwa asubuhi, na fomu ya mtandaoni unaweza kuijaza sasa hivi watoto wakiwa wamelala, ikiwa imefika kabla ofisi haijafunguliwa. Huyo kaka akikuuliza, mwambie karatasi zinafuata. Ukimaliza, rudi hapa utuandikie tarehe waliyokupa.