Nyumba za mstari vijijini Tanzania: ni Operesheni Vijiji, si Mjerumani

Wapo wanaodhani nyumba za mstari vijijini Tanzania zilipangwa na Mjerumani wakati wa ukoloni. Hapana, Mjerumani hakuhusika. Zile nyumba zilizojipanga mistari kando ya barabara nyingi ni za Operesheni Vijiji, yaani kampeni ya serikali ya kuwahamishia watu kwenye vijiji vya pamoja. Baada ya Azimio la Arusha la 1967 watu walihimizwa kuhamia vijiji vya ujamaa kwa hiari. Novemba 1973 Mwalimu Nyerere akatangaza kuwa sasa ni amri, na mwisho ni 1976. Kabla ya hapo, sehemu nyingi kila kaya ilikaa katikati ya shamba lake, jirani unamjua kwa moshi wa jikoni kwake.

Ndiyo maana mpaka leo kuna wanaoamka alfajiri, jembe begani, na kutembea mwendo mrefu kwenda kulima: nyumba ilihama, shamba likabaki. Ukipita kwenye mahame utakuta miembe imesimama porini, na chini yake jiwe la kusagia lililolika katikati. Pale palikuwa nyumbani kwa watu kabisa, inauma kupaona.

Ila Kilimanjaro na Bukoba, kwenye migomba na kahawa, wengi hawakuhamishwa, maana tayari waliishi kwa kubanana.