Yule mke wa mpiga kiwi katika filamu ya Le Havre ni nani?

Huyo ni Kati Outinen, mwigizaji Mfini, mzaliwa wa Helsinki, 1961. Jukwaani yumo miaka mingi, na amewahi kuwa profesa wa uigizaji hukohuko Helsinki. Ila nje ya Finland wengi tunamjua kwa filamu za mwongozaji Aki Kaurismäki. Mwaka 2002 alibeba tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la filamu la Cannes, kwa The Man Without a Past.

Ukimpenda kwenye Le Havre (2011), tafuta ile ya 1990 ya binti wa kiwanda cha viberiti, The Match Factory Girl. Anazungumza kwa nadra mno. Ananunua sumu ya panya, anaikoroga na maji, uso mkavu kabisa! Kwangu mimi hiyo ndiyo kazi yake kubwa, Cannes au si Cannes.