Usilipie hiyo santuri kabla hujaona majina ya Kiitaliano

Mkuu, simamisha malipo. Umeuliza kama santuri ya "Goliath and the Barbarians" inatosha kuandikia maisha ya kazi ya Carlo Innocenzi, mtunzi wa muziki wa filamu wa Italia, na uanze kutazama filamu zake zipi. Santuri hiyo haimhusu kabisa. Muziki uliomo ni wa Les Baxter, Mmarekani. Hata noti moja ya Innocenzi hutaipata humo.

Nami niliinunua. Muuzaji alinihakikishia kwamba Baxter aliongoza okestra tu na kwamba mtunzi ni Innocenzi. Nikaandika kurasa nzima za kumsifu Innocenzi kwa ngoma na tarumbeta zisizo zake, zote zikaishia kapuni. Mtu anayeuza muziki wa filamu bila kutofautisha mtunzi na kiongozi wa okestra anaharibu kazi za watu, na bado wapo wanaoendelea hivyo hivyo.

Filamu yenyewe ilitengenezwa Italia mwaka 1959 kwa jina la "Il terrore dei barbari". Mwongozaji ni Carlo Campogalliani, shujaa ni Steve Reeves, muziki ni wa Innocenzi. Kampuni ya filamu ya American International Pictures walipoipeleka Marekani, waliuondoa muziki wake na kumpa Baxter atunge mwingine. "La maschera del demonio" ya Mario Bava (1960) ilipata yaleyale: Italia unamsikia Roberto Nicolosi, Marekani unamsikia Baxter. Picha ni zilezile, masikioni ni filamu nyingine.

Hilo liliwezekana kwa sababu filamu nyingi za Italia za wakati ule sauti zake ziliingizwa studio baada ya kupiga picha. Mazungumzo yaliwekwa kwenye mkanda wake, muziki na vishindo kwenye mwingine, ili kila nchi iweke lugha yake. Kama muziki na vishindo vimeshachanganywa, ukiutoa muziki unaondoka na mlio wa panga na kwato za farasi, navyo lazima virekodiwe upya. Kwa hiyo chukua nakala ya Kiitaliano na ya Kimarekani, tafuta pambano lisilo na maneno, usikilize zote mbili. Usipime kwa saa peke yake. Diski za Ulaya za mfumo wa PAL huchezwa fremu 25 kwa sekunde badala ya 24, hivyo filamu ya dakika 90 huisha kwa dakika 86 na sekunde 24, na sauti ya muziki huwa nyembamba kidogo. Kuna wanaodhani hapo ni rekodi tofauti, kumbe ni ileile.

Sheria ni hii: usiandike sentensi hata moja kuhusu mtunzi kabla hujasoma majina yanayopita mwanzoni mwa nakala ya Kiitaliano. "Musica di" ndiye aliyetunga. "Diretta da" ndiye aliyeongoza okestra. "Diretta dall'autore" maana yake mtunzi aliongoza mwenyewe. Usione jina kubwa ukakimbilia hitimisho: kwenye "The Godfather" (1972) muziki ni wa Nino Rota, aliyeongoza ni Carlo Savina, ambaye naye ni mtunzi kamili mwenye filamu zake.

Halafu kuna majina ya bandia, na hapa nakala ya Kiitaliano nayo inaweza kukupoteza. "Dan Savio" wa "Per un pugno di dollari" (1964) ni Ennio Morricone. "Frank Mason" ni Francesco De Masi. Ukikuta jina la Kiingereza kwenye filamu ya Roma ya miaka ile, liulize kwanza kwenye kumbukumbu za SIAE, chama cha haki za watunzi cha Italia.

Mwombe huyo muuzaji picha ya jalada la nyuma, maandishi yasomeke, uiweke hapa. Pesa ibaki mfukoni mpaka tuisome.